John Lawson na kamba ya makombora

Vita vya Mobile Bay, Alabama, tarehe 5 Agosti 1864, wakati wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani, vimempa sifa zote Admeri Farragut, kamanda wa meli za Kaskazini. Anayestahili kutajwa kila mwaka ni John Lawson, baharia Mweusi kutoka Pennsylvania, mwenye cheo cha mwanzo cha watu wasio na uzoefu wa bahari.

Kazi yake kwenye manowari Hartford ilikuwa kupandisha makombora kwa kamba na kapi. Baruti iliwekwa chini kabisa ya meli, mbali na cheche. Mizinga ilikuwa juu. Kombora moja la mzinga wa inchi 9 lina takriban kilo 33, na kapi moja lililofungwa juu halipunguzi uzito huo hata kidogo, hugeuza tu upande wa kuvuta. Kamba ikisimama, mizinga hunyamaza punde, hata wapigaji wawe hodari vipi.

Kombora la adui lilipasuka hapo penye kamba, likaua na kujeruhi watu wa kamba. Lawson alitupwa ubavuni mwa meli, mguu umejeruhiwa. Aliposihiwa ashuke kutibiwa, alikataa, akaendelea na kazi mpaka mwisho wa mapigano.

Alitunukiwa Nishani ya Heshima, nishani kuu ya kijeshi ya Marekani, Desemba 1864. Wilson Brown, mwenzake kwenye kamba hiyo, aliyeangushwa ngamani akazimia, kisha akazinduka na kurudi kwenye kamba, alipewa pia.