Nilivyosoma Miri Jiyori bila kujua Kiassam

Nilikuwa mwaka wa pili chuoni Pune, magharibi mwa India, nikiishi chumba kimoja na dada wa kutoka Assam, kaskazini mashariki mwa India. Alinizidi umri, nikawa namwita baideu, ndiyo dada mkubwa kwa lugha yao. Chini ya mto wake hakikosi kitabu kimoja kilichochakaa: Miri Jiyori, yaani Binti wa Kimiri, riwaya ya Rajanikanta Bordoloi ya miaka ya 1890. Wamiri hao, kabila la huko Assam, siku hizi huitwa Wamising.

Tukapatana. Kila usiku baada ya kula ananisomea ukurasa kwa sauti, ananifasiria, nami naandika Kiswahili chake kwenye daftari.

Wiki ya kwanza ilinishinda. Jonki na Panei wamekua pamoja kando ya mto Subansiri, wanapendana, baba wa Panei anataka kumwoza kwa mtu mwingine. Hapo nilielewa. Lakini nikisubiri kijana atamke la moyoni, zinaingia nyimbo, nami naandika tu "wakaimba" na kuendelea.

"Baideu, hawa hawaambiani?"

"Ndivyo wanavyoambiana."

Katikati ya Aprili ikafika Rongali Bihu, mwaka mpya wao. Alinichukua ukumbini walikokusanyika wanafunzi wa kwao. Alikuwa amechomeka nyweleni kopou, okidi ya maua madogo yaliyoshonana kama mkia. Ngoma ikalia, ikafuata pepa, zumari ya pembe ya nyati. Wavulana wakatoa ubeti, wasichana wakaupokea, naye ananinong'oneza maana: kijana anatamani awe bata aogelee katika bwawa la kwao msichana, awe njiwa atue juu ya paa lao, awe jasho aingie mwilini mwake. Nilisisimka. Hakuna lililobaki kusemwa.

Tuliporudi alinionyesha gamosa aliyoifuma mama yake, kitambaa cheupe chenye mapambo mekundu pembeni. Wakati wa Bihu, msichana humfumia ampendaye kama hiyo. Alipitisha kidole juu ya nyuzi moja moja, akanieleza kila ua.

Wengi huhesabu enzi ya kimapenzi katika fasihi ya Kiassam kuanzia jarida la Jonaki, lililoanzishwa na wanafunzi huko Kolkata mwaka 1889. Vijana wale walifanya kazi kubwa, nami nawaheshimu. Lakini mzizi niliuona pale kwenye ngoma na kwenye ile gamosa.

Nikarudi mwanzo wa daftari. Kila palipoandikwa "wakaimba" nilifuta, nikamwomba arudie wimbo neno kwa neno, nikaupanga kwa beti, huyu anatupa, yule anadaka. Kazi ikachukua miezi mitatu zaidi, na daftari la pili.

Usiku wa ukurasa wa mwisho, wapenzi wale wakiwa wamekwisha kufa, hakufasiri kitu. Alisoma mpaka nukta, akaikunja gamosa, akaiweka juu ya kitabu. Nilisubiri mpaka asubuhi ndipo nikamwuliza maneno.