Mji Mkongwe na mama mkubwa

Watu wa Dar wengi tunaijua Zanzibar ya fungate na ya Nungwi, zile picha za maji ya bluu, na wengine wanaijua ya biashara tu, unavuka asubuhi unafata mzigo Darajani jioni ushageuza. Mji Mkongwe wenyewe tunaupita juujuu tukiwahi gari. Afu mgeni anatoka Italia huko anautembea kichochoro kwa kichochoro siku nzima. Mi hili limekuwa likinikera muda mrefu, kwahiyo mama mkubwa alipokuja kutoka Tabora kwa harusi ya binamu yangu, harusi ikaisha, nikamuuliza nimpeleke wapi kabla hajarudi, akasema Unguja, hakufikiria hata kidogo, nilifurahi sana.

Sababu yake haikuwa bichi. Yeye ni Mnyamwezi wa Tabora kabisa, na bibi yake alikuwa akiwahadithia habari za watu walioenda pwani. Wengine walienda wenyewe, vijana wenye nguvu, kubeba pembe za ndovu kwa ujira, maana kwa Wanyamwezi kijana kwenda pwani na kurudi ilikuwa ndo kuonekana mwanaume. Wengine walipelekwa wamefungwa. Na mama mkubwa anasema bibi alikuwa anahadithia wote kwa sauti ileile moja, mpaka ukubwani ndo yeye akaja kuelewa kwamba ni safari mbili tofauti kwenye njia moja.

Tukapanda boti ya saa moja asubuhi. Ilikuwa Agosti, kusi inavuma, na ukishatoka tu mdomo wa bandari ukaingia bahari kubwa unaijua kusi ni nini. Tulikaa nyuma chini, ambako boti inatikisika kidogo kuliko mbele, nilikuwa nimechukua tangawizi ya kutafuna, wahudumu wanapita na mifuko na kuna watu waliihitaji kwakweli. Mama mkubwa hakutapika. Alikuwa ameshika rozari mkono mmoja, mwingine ameshika mkono wangu, akaniuliza zile meli zilizozama zilizamia wapi. Sikumficha. MV Spice Islander ilizama Septemba 2011 upande wa Nungwi ikienda Pemba, na MV Skagit Julai 2012, hiyo ilikuwa njia yetu hiihii, kutoka Dar, karibu na Chumbe. Tulipoona mnara wa taa wa Chumbe akapiga ishara ya msalaba akawaombea. Kijana wa kiti cha pili, amevaa kanzu, akasema amin.

Kama masaa mawili hivi tukawa Malindi.

Sasa hapa niseme kitu kuhusu kuchukua mtembezaji, maana watu wengi wa bara wanaona ni hela ya bure, "si tunajua Kiswahili, tutauliza". Ukitoka getini Malindi mapapasi watakuvamia kila mmoja ana gari na ana hoteli, kwahiyo mi nilishapanga kabla na kijana mwenye kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii, na sharti langu lilikuwa moja tu, azungumze Kiswahili mwanzo mwisho. Akacheka kwa furaha, akasema kazi yake karibu yote ni Kiingereza na Kiitaliano, siku akipata Kiswahili anasema anapumua. Na kweli ilikuwa tofauti. Kundi letu lilikuwa sisi wawili na familia moja kutoka Mwanza na watoto wao, basi. "Shikamoo bibi," akaanza na mama mkubwa kabla ya mtu mwingine yeyote, na siku nzima alitembea kwa mwendo wa mama mkubwa, kila penye baraza ya jiwe anamwambia "kaa bibi, mji hauendi popote".

Zile baraza zenyewe ni kitu cha kupenda jamani. Kila nyumba imejijengea kiti nje kwa ajili ya mtu mwingine akae. Mvua kubwa ikinyesha maji yanapita chini kichochoroni na watu wanapita juu ya baraza.

Tulianza na lile jengo la zahanati ya zamani pale mbele ya bahari, lenye roshani za mbao zilizochongwa, alilianzisha tajiri Tharia Topan miaka ya 1880. Hapo hatukukaa sana. Beit al-Ajaib, lile Jumba la Maajabu, ndo tulisimama muda mrefu, na iliniuma. Sultan Barghash alilijenga mwaka 1883, ndo jengo la kwanza Unguja kuwaka taa za umeme, likawa na lifti pia, na tarehe 25 Desemba 2020 upande wake mmoja ukaporomoka lilipokuwa likikarabatiwa, watu wawili wakafa. Tulilikuta limezungushiwa mabati. Mtoto wa ile familia ya Mwanza akauliza kwanini lianguke wakati limejengwa na sultani, na jibu la mtembezaji wetu ndo lilikuwa somo la kwanza la siku ile kwangu.

Alitupeleka kwenye nyumba moja iliyobomoka ukuta kidogo kule vichochoroni tukaona tumbo lake. Hizi nyumba nyingi ni mawe ya matumbawe na chokaa, ukuta mnene sana, na juu dari imebebwa na boriti za mikoko. Boriti ya mkoko haiendi mbali, mita mbili na nusu, tatu hivi, kwahiyo chumba hata kiwe cha tajiri namna gani kinakuwa chembamba na kirefu, mti ndo ulioamua. Na chokaa inataka kupakwa tena na tena, inataka mtu akae humo, azibe paa, maji yakishaanza kuingia ukutani jiwe linakunywa na boriti inaoza kwenye kichwa chake mule ndani ya ukuta ambako huoni. Nyumba ikikaa bila mwenyewe inaanza kufa. Afu kuna mafundi wanaziba kwa saruji, akasema, na saruji inafungia unyevu ndani, kwahiyo unaweza kuiua nyumba huku unaona unaitengeneza. UNESCO waliuingiza mji huu kwenye urithi wa dunia mwaka 2000, ila cheti hakizibi paa, ni watu.

Mama mkubwa akauliza, na hizi boriti mlikata wapi, kisiwa hiki kitatosha miti yote hii? Yule kijana akamtazama kidogo, akasema, "Nyingi zilitoka kwenu bibi. Rufiji." Mikoko ilikatwa delta ya Rufiji ikapakiwa kwenye majahazi ikajenga huku, na nyingine ikaenda mpaka Uarabuni ambako miti hakuna.

Hapo ndo siku ilinigeukia. Maana nilikuwa nimekuja kutembelea mji wa jirani, yaani mji wa watu wengine, na kuanzia hapo kila nilipoangalia naona bara. Tulipofika kwenye habari za masultani akatueleza kwamba Majid, mtoto wa Sayyid Said, aliyetawala kuanzia 1856, ndiye aliyeanza kujenga Dar es Salaam miaka ya 1860 pale Mzizima. Akafa 1870, nduguye Barghash akakalia kiti na hakuwa na haja na mji ule, majengo yakabaki nusunusu mpaka Wajerumani walipohamishia makao yao pale kutoka Bagamoyo mwaka 1891. Mi shuleni nilisoma hii, nikajibia na mtihani. Ila kusikia nikiwa nimesimama Unguja mbele ya nyumba za ndugu zake Majid ni kitu kingine. Nikaikumbuka Old Boma pale Sokoine Drive, ukuta wa matumbawe, mlango wa kuchonga, ilijengwa kwa ajili ya wageni wa Majid. Iko hatua chache kutoka tulipopandia boti. Watu wanashuka daladala Posta ya Zamani wanaipita kila siku. Mji wetu ulianza kama tawi la mji huu, na sisi tunakuja huku tunapiga picha milango.

Milango nayo tuliangalia sana lakini sitaieleza yote. Ile yenye upinde juu na misumari ya shaba iliyochongoka ni mtindo wa Kihindi, ile iliyonyooka juu na maandishi ya Kurani ni ya Kiarabu, watoto wa Mwanza walikuwa wanashindana nani ataona samaki na nani ataona mnyororo kwenye fremu. Jaws Corner tukanywa kahawa chungu na kashata, wazee wanabishana siasa, wakampisha mama mkubwa nafasi akakaa katikati yao akaulizwa habari za mvua za Tabora.

Mkunazini, palipokuwa soko la watumwa, tulifika saa sita.

Nilikuwa nimejiandaa, nimeshaona picha za zile sanamu za watu ndani ya shimo na minyororo shingoni, aliitengeneza msanii wa Sweden Clara Sörnäs miaka ya 1990 mwishoni. Picha haikuandai. Tulishuka kwanza vile vyumba vya chini, dari fupi, giza, matundu madogo ya hewa. Yule kijana alinifurahisha kwa ukweli wake, alisema wapo wanahistoria wanaosema vyumba hivi vilijengwa baadae na misheni kama stoo, soko likiwa limeshafungwa, na wapo wanaosema vinginevyo, ila soko lenyewe lilikuwa hapahapa, hilo hakuna anayelikataa. Mkataba wa kulifunga Barghash alisaini Juni 1873, Waingereza wakiwa wamemkaba. Na akaongeza kitu ambacho mi nadhani kila mtu anayetembelea pale lazima aambiwe, kwamba kufunga soko hakukufunga utumwa. Mashamba ya karafuu yaliendelea, mpaka 1897 ndo sheria ikaacha kuutambua.

Kwenye kanisa la Anglikana lililojengwa hapohapo, mbele ya altare, kuna duara kwenye sakafu, panasemwa ndipo ulipokuwa mti wa kufungia watu na kuwachapa. Mama mkubwa alisimama pembeni ya lile duara hakukanyaga. Askofu Edward Steere, aliyelijenga kanisa hili, amezikwa hapohapo nyuma ya altare, na ndiye aliyefanya kazi kubwa ya kuandika sarufi na kutafsiri maandiko kwa Kiswahili cha Unguja, hichihichi ambacho baadae kilifanywa msingi wa Kiswahili sanifu, mama mkubwa akasali kwacho miaka yote Tabora. Afu kuna msalaba wa mbao, wanasema umetengenezwa kwa mti ambao moyo wa Livingstone ulizikwa chini yake kule Chitambo, Zambia. Mama mkubwa akasema, "Huyu si alikaa kwetu. Tembe yake ipo Kwihara." Yule kijana akasema kweli bibi, mwenyeji ni wewe, hebu tuhadithie. Na akahadithia! Alikaa kwenye benchi la mbele akaeleza familia nzima ya Mwanza na watalii wengine waliokuwa hawaelewi neno, habari za Kwihara, miembe ya njia ya misafara, na Chuma na Susi na wenzao waliobeba maiti ya Livingstone wakapita nayo Unyanyembe kuelekea Bagamoyo. Kijana alikuwa anaandika kwenye simu yake.

Nimefikiria sana ile dakika. Historia ya Unguja hatuipewi na Unguja peke yake, nusu yake imekaa Tabora, Ujiji, Kilwa, Rufiji, kwa wazee ambao hakuna mtu ameenda kuwauliza. Na wengi wao hawajawahi kuvuka maji kuja kuona ule upande wa pili wa hadithi wanayoijua. Kwa bei ya tiketi ya mkazi tunayolipa sisi, ambayo iko chini ya ile ya mgeni, shule zetu zingeweza kuleta watoto na bibi zao pamoja. Nasema hivi nikimaanisha.

Nje mama mkubwa alikaa mbele ya zile sanamu. Hakulia. Akaniambia, "Huyu wa katikati ana uso wa kwetu." Nikakaa naye. Sikuwa na cha kusema na sikutafuta.

Baada ya hapo tulikula, na wala sikuona vibaya kula baada ya pale kwasababu tulikuwa na njaa na tunaishi. Urojo wa karibu na Darajani, kachori, bajia, chipsi za muhogo juu, ukwaju umekolea vizuri, mama mkubwa akaomba bakuli la pili. Akanunua karafuu na iliki sokoni, akabishana bei kwa Kinyamwezi kwa sababu muuzaji naye kumbe babu yake ni wa Unyanyembe. Punguzo alipata.

Ushauri kwa anayetaka kwenda: chukua boti ya kwanza, rudi na ya mwisho, viatu vya kutembelea, nguo ya kujisitiri maana ule ni mji wa watu wanaishi humo, na msitake kuongeza kisiwa cha Changuu na mashamba ya viungo kwenye siku hiyohiyo. Ngome Kongwe sisi tuliingia dakika chache tu, nataka kurudi.

Kwenye boti ya kurudi mama mkubwa aliniuliza Bagamoyo ni mbali kiasi gani kutoka kwangu. Nikamwambia kwa gari masaa mawili, foleni ikikubali. Akasema basi tiketi ya Tabora isogezwe mbele wiki moja. Ijumaa tunaenda, na amesema anataka aoneshwe mahali misafara ilipokuwa inaishia, afu magofu ya Kaole kama muda utabaki.