Betri za mwaka 1993

Njumu yangu ya kulia ilikuwa imeachama kama mdomo wa kambale, na mimi nilikuwa namba tisa. Mshambuliaji hapigi shuti na soli inayoning'inia. Ndiyo maana mchana ule wa Septemba 2004 niliacha mapema kazi ya kubadilisha kwacha, fedha ya Zambia, zile za zamani zenye sifuri nyingi, nikafunga noti zangu kiunoni na kwenda kwa Mjomba.

Mjomba alikuwa fundi viatu pale Tunduma. Kibanda chake kilikuwa kando ya foleni ya malori yanayosubiri kuvuka mpaka kwenda Nakonde, upande wa Zambia, na wateja wake wengi walikuwa madereva na matingo. Zamani alikuwa mchimbaji wa shaba Mufulira, kulekule Zambia. Sisi Wanyamwanga mpaka ulitukuta tukiwa tayari pale, ndugu wengine wakaangukia huku, wengine kule, na kijana wa enzi zake aliyetaka kazi ya mshahara alipanda kwenda migodini bila kuona kwamba amehama nchi. Alirudi na kikohozi kisichopona, redio moja kubwa, na mapenzi ya Mufulira Wanderers.

Hayo mapenzi niliyajua kwa mama, si kwake. Mama ndiye aliyenisimulia jinsi kaka yake alivyokuwa akitoka zamu ya usiku na kwenda Shinde, uwanja wa Wanderers, bila kulala. Jinsi alivyomwona Kalusha Bwalya akiwa bado kijana mwembamba, kwanza akichezea Mufulira Blackpool, kisha Wanderers, mpaka mwaka 1985 Wabelgiji wa Cercle Brugge walipomchukua. Na jinsi mwaka 1988 Zambia ilipoifunga Italia 4-0 kwenye Olimpiki ya Seoul, Kalusha peke yake akiweka matatu, Mjomba alivyoimba njia nzima mpaka watoto wakamfuata wakidhani kuna harusi.

Mjomba mwenyewe hakuwa akisema neno kuhusu mpira. Ukimletea njumu alizishona vizuri kuliko viatu vya harusi, lakini ukimwambia umefunga bao aliitikia "haya" na kuuliza kama uzi umeshika.

Nilikuwa na miaka minane ilipotokea. Usiku wa tarehe 27 Aprili 1993 ndege ya jeshi iliyoibeba timu ya Zambia kwenda Dakar, kucheza na Senegal, iliondoka Libreville baada ya kujaza mafuta na kuanguka baharini. Watu 30 walikuwa ndani, wachezaji 18 kati yao, na hakupona hata mmoja. Ninachokumbuka ni asubuhi: Mjomba amesimama mlangoni kwetu ameipakata redio kama mtoto mgonjwa, anamtajia mama majina. Chabala, golikipa. Makinka. Chansa. Mutale. Alipofika kwa Godfrey Chitalu, kocha, alishindwa kuendelea. Chitalu alikuwa mshambuliaji wa zamani ambaye kwa hesabu ya Wazambia alifunga mabao 107 katika mwaka mmoja wa 1972, na Mjomba, shabiki wa wapinzani wake, alikuwa amemtukana na kumpenda kwa miaka yote ile. Redio ikawekwa juu ya kabati la mama. "Nitunzie," alisema. Hakuja kuichukua.

Kalusha hakuwamo. Alikuwa Uholanzi na klabu ya PSV, na ilipangwa asafiri mwenyewe kutoka Ulaya, akutane na wenzake Dakar. Alikabidhiwa unahodha wa timu mpya na karibu mwaka mmoja baada ya ajali, Aprili 1994, walikuwa Tunis kwenye fainali ya Afrika wakicheza na Nigeria. Walifungwa 2-1. Siku ile Tunduma nzima ilikuwa redioni. Mjomba alikwenda kupalilia shamba ambalo halikuwa na magugu.

Basi miaka 11 baada ya ajali nimekaa kwenye kigoda chake, mguu mmoja peku, yeye amepachika njumu yangu kwenye chuma na kupitisha uzi wenye nta. Lori la Kizambia lilikuwa limesimama hatua tano kutoka kibandani. Dereva alifungua mlango apate hewa, na redio yake ikafunguka pamoja na mlango. Kibemba, kelele za uwanja, mtangazaji anakimbiza maneno. Zambia na Liberia, nchi ya George Weah, kufuzu Kombe la Dunia la Ujerumani. Bado sufuri kwa sufuri.

Nilimtazama Mjomba nikitegemea atanituma nikamwombe dereva afunge mlango. Hakunituma. Aliinamia kazi tu, akavuta uzi kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.

Kibemba changu kilikuwa cha sokoni, cha bei na chenji, kwa hiyo nilikuwa nikishika neno moja na kuyaacha matatu. Lakini jina la mtu halihitaji mkalimani. Mtangazaji alilitaja, akalirudia, na uwanja ukaanza kuliimba. Sindano ya Mjomba ikasimama.

"Amesema nani?" nikauliza.

"Kalu."

"Si ndiye kocha?"

"Anavua suti ya mazoezi," Mjomba akasema. "Anaingia."

Alikuwa na miaka 41. Kocha wa timu ya taifa anajitoa benchi na kujiingiza mwenyewe uwanjani, mbele ya vijana ambao wengine wangeweza kuwa wanawe! Mimi, kwa akili ya miaka 19, nilicheka na kusema mzee amekosa wachezaji.

Mjomba hakunikemea. Aliiweka njumu chini, jambo ambalo hakulifanya kamwe kazi ikiwa nusu, akaanza kuhesabu kwa vidole vyenye gundi. "Leo kocha angekuwa Chitalu. Msaidizi wake angekuwa Alex Chola. Hao waliokuwa na miaka 22, 25 wakati ule, ndio wangekuwa wakongwe wa timu sasa, au ndio wangekuwa walimu wa hawa watoto. Kalusha angekuwa nyumbani anakunywa chai." Akanitazama. "Mwanangu, yule hajaingia kuonyesha kwamba bado anaweza. Anaingia kwa sababu waliotakiwa kukaa pale alipo hawapo. Anakaa benchi kwa niaba yao, na kucheza kwa niaba yao pia."

Sikuwahi kusikia maneno mengi namna ile kutoka kwake kwa mkupuo mmoja. Nilitafuta la kujibu nikakosa, na niliona aibu kwa kicheko changu. Bado naona.

Tulinyamaza tukisikiliza. Tingo alishuka kutoka juu ya turubai, mama muuza mahindi akasogeza jiko lake, na foleni ilipotambaa mbele kidogo dereva wetu hakuwasha injini. Wa nyuma walipiga honi. Akatoa mkono dirishani akawapungia wapite. Dakika 90 zikaisha, bado sufuri kwa sufuri.

Kisha redio ikapasuka. Huko uwanjani sauti zote zilipanda kwa pamoja na spika ndogo ya lori haikuweza kuzibeba, ikabaki mkwaruzo mmoja mrefu. Hatukusikia bao. Tulichosikia, mkwaruzo ulipopungua, ni mtangazaji aliyepoteza sauti akirudia jina moja.

"Kushoto," Mjomba akasema.

"Umejuaje?"

"Nimemwona tangu mtoto." Machozi yalikuwa yakimtoka waziwazi na hakujishughulisha kuyafuta. Dereva aliruka chini, mtu mzima mwenye kitambi, akamwinamia kwa heshima ya kwao, mikono ikipiga makofi polepole, akamwita Tata, yaani baba. Walishikana mikono muda mrefu, watu wawili wasiojuana majina.

Njumu yangu ilimaliziwa gizani, kwa mwanga wa taa za lori. Hakunitoza.

Asubuhi iliyofuata nilimkuta nyumbani kwetu kabla jua halijachomoza vizuri, anakunywa chai na mama. Aliniambia nipande kwenye kiti nimshushie ile redio. Ilikuwa nzito kuliko nilivyodhani, na vumbi lake lilikuwa limeganda. Alipofungua nyuma tukaziona betri, zilezile za mwaka 1993, zimevimba na kuvuja, chumvi ya kijani imekula mpaka kwenye springi. Mama akasema hiyo imekufa, tupa.

Mjomba aliomba ndimu na msasa. Akakata ndimu vipande viwili, akaanza kusugua springi moja moja, taratibu, huku akiniuliza kama nafahamu mechi inayofuata ni lini na kama betri kubwa bado zinauzwa nane nane.