Siku moja maishani mwangu: pointi 30 za wiki mbili

Saa 2 asubuhi. Sisi ni timu ya kutengeneza programu, na leo tunapanga sprinti mpya, yaani kipindi chetu cha kazi cha wiki mbili. Sprinti tatu zilizopita tulikamilisha pointi (kipimo chetu cha ukubwa wa kazi) 29, 33 na 28, kwa hiyo bajeti, kwa wastani, ni 30. Sita naziweka kando mapema kwa hitilafu za ghafla. Mfumo wetu unatumiwa na SACCOS, na mwanachama ambaye rejesho lake halionekani haambiwi asubiri. Zinabaki 24.

Saa 3. Timu mezani, karata mkononi: 1, 2, 3, 5, 8, 13. Tunafuata utaratibu alioueleza James Grenning mwaka 2002: kwa kila kazi, kila mtu anachagua kimya karata ya pointi anazoikadiria, kisha zote zinafunuliwa kwa mpigo. Naupenda kwa sababu kijana mgeni kazini hatangulii kusikia namba ya mkubwa wake.

Ripoti ya gawio: wote 3, isipokuwa dada anayejaribu mfumo, 13. Anaeleza: wapo wanachama waliojitoa katikati ya mwaka, na hisa zao zinahesabiwa kwa miezi. Hakuna mwingine aliyelikumbuka hilo! Tunarudia, tunakubaliana 8.

Saa 5. Marejesho kwa simu yanapata 13. Kazi kubwa hivyo haiingii nzima, tunaikata. Kupokea malipo 5, kusuluhisha yaliyokwama 5, ujumbe kwa mwanachama 2. Ukokotoaji wa riba 3. Jumla 23, inatosha.

Saa 7, wali maharage.

Saa 8. Meneja anataka ukurasa mpya wa mwanachama. Tunaupa 5.

"Sawa mkuu, tutoe ipi?"

"Si muongeze tu, vijana?"

Hapa huwa silegezi. Pointi 30 zimetokana na kazi zilizokwisha, si matamanio. Tukiandika 34, watu ni walewale na siku ni zilezile; kitakachorukwa ni majaribio, na hizi ni akiba za watu. Anazitolea macho zile sita. Hizo pia hapana. Anautazama ubao kwa muda, kisha anaondoa ripoti ya gawio, maana mkutano mkuu bado uko mbali. Ukurasa unaingia, pamoja na kazi ya 3 ya kuchapa taarifa za akaunti. Tumerudi 23.

Saa 10. Yule dada anaandika hoja yake ya hisa kwenye kazi ya gawio, ili atakayeichukua aikute.

Saa 11 jioni, simu kutoka kwa mhasibu wa SACCOS moja: rejesho limeingia mara mbili. Tunalikadiria 2. Kwenye zile sita zimebaki 4.