Tulivyodai kifo cha kaka yangu kichunguzwe

Mwaka 2022 polisi walituambia kaka yangu ameanguka na pikipiki usiku, karibu na Mtwapa, pwani ya Kenya. Jamaa wengi waliridhika. Sisi ni Waislamu, maiti hacheleweshwi, na kaburi lilikuwa limeshachimbwa.

Waliomwosha ndio waliosimamisha maziko. Ami alitoka kule ndani mikono ikichuruzika maji, akanivuta kando. "Mwanangu, huyu ana alama za kamba kwenye vifundo vya mikono yote miwili." Mtu akianguka na pikipiki huchubuka magoti na viwiko. Vya kaka vilikuwa vizima.

Wazee wakagawanyika. Kupasua maiti ni jambo zito kwetu na simlaumu aliyekataa. Imamu ndiye aliyetutoa njia panda: ikiwa ni kutafuta haki ya aliyedhulumiwa, dharura inaruhusu, ila afanyiwe kwa heshima na kwa kiasi kinachohitajika. Jioni ile hatukuzika. Naamini tungezika, kesi ingeishia kaburini. Ni kweli hakimu ana uwezo wa kuamuru maiti afukuliwe, lakini alama za ngozi hazimsubiri hakimu.

Kituoni tulishikilia jambo moja: taarifa yetu iandikwe kwenye kitabu cha matukio na tupewe namba ya OB. Askari wa zamu akasema kifo kimeshaandikwa kuwa ajali. Ami akamjibu kwa upole, "Afande, hiyo ni ya jana. Hii ya leo ni ya alama za kamba, nayo iandike." Akaandika.

Aliyepasua alikuwa daktari wa serikali, mbele ya afisa wa polisi, na sisi tukaweka daktari wetu. Pesa zake tulichangishana kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, na sijutii hata shilingi moja. Ndiye aliyesisitiza vifundo vipigwe picha na sampuli zipelekwe kwa Mkemia wa Serikali. Madaktari wote wawili walikubaliana kwamba kaka alipigwa kisogoni na kitu butu, na kwamba alifungwa kamba akiwa hai.

Kisha jalada likalala. Kila nikienda naambiwa mpelelezi yuko nje, au amehamishwa. Nikaacha kuuliza kwa mdomo, nikaanza kuandika. Kila barua nakala mbili, na yangu nahakikisha imegongwa muhuri wa kupokelewa. Moja niliipeleka ofisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, kwa sababu Kifungu cha 157 cha Katiba kinampa mamlaka ya kumwagiza Inspekta Jenerali wa Polisi achunguze madai ya uhalifu, na Inspekta Jenerali lazima atii. (Kama anayeshukiwa ni polisi, malalamiko hupelekwa IPOA, mamlaka huru inayosimamia mwenendo wa polisi. Kwetu haikuwa hivyo.)

Njia iliyofungua mlango ilikuwa uchunguzi wa hakimu. Wengi hawaijui. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kifungu cha 387, inamlazimu hakimu kuchunguza kifo cha mtu aliyekuwa mikononi mwa polisi au gerezani, na vifo vingine vya kutiliwa shaka anaweza kuvichunguza hata kama polisi nao wanapeleleza. Wakili wetu alitukumbusha kesi ya Agnes Wanjiru wa Nanyuki, aliyeuawa 2012 na mwili wake kukutwa kwenye tangi la maji taka la hoteli. Ni uchunguzi wa hakimu uliotamka, mwaka 2019, kwamba aliuawa na kwamba wanajeshi wa Uingereza walihusika. Hati ya kumkamata mshukiwa ilitoka Septemba 2025. Familia yake ilingoja miaka yote hiyo.

Kwetu, hakimu aliwasikiliza madaktari, kisha akamwita dereva wa matatu aliyepita njia ile usiku ule. Aliikuta pikipiki imesimama kwa stendi yake, kofia ya chuma imetundikwa kwenye usukani. Hakuna polisi aliyewahi kumhoji. Nililia pale pale kortini, kwa hasira. Maneno hayo yalikuwa yakipatikana kwenye steji ya matatu tangu siku ya kwanza.

Hakimu aliamua kwamba kaka aliuawa, akaelekeza jalada lirudi kwa waendesha mashtaka na rekodi za simu zitafutwe. Zimepatikana. Mpelelezi mpya ameshaandikisha taarifa za watu wawili, nami nimemwandikia tena kuuliza lini waendesha mashtaka watapelekewa jalada.