Satay ya ng'ombe: ogopa sukari, usiipunguze

Anayejua kuchoma mishkaki hudhani satay ya Kimalei ni ileile yenye manjano. Tofauti kubwa ni sukari. Ndiyo inayoipa nyama ule wekundu unaong'aa, na ndiyo inayoiunguza kabla haijaiva usipoangalia moto.

Kwa kilo moja, tafuta sarara au steki ya paja yenye mafuta kidogo pembeni. Iweke kwenye friza dakika 40 ili ishikane, kisha ikate kwa kukatisha nyuzi, unene wa nusu sentimita, upana wa kidole. Mafuta yake kata vipande vidogo, uyatunze. Papai usitie kabisa: nyama nyembamba hivi ikilala nalo usiku kucha inakuwa uji.

Saga mabua 4 ya mchaichai, sehemu nyeupe ya chini tu (ukisaga na majani utatafuna nyuzi), pamoja na vitunguu vidogo vyekundu 8, punje 4 za kitunguu saumu, tangawizi ya sentimita 2, na lengkuas, mzizi wa ukoo wa tangawizi, kiasi hichohicho. Mashine ikigoma ongeza mafuta, si maji, maana maji huufanya mchanganyiko uteleze kwenye nyama. Kaanga bila mafuta vijiko 2 vya chakula vya giligilani na kijiko kimoja kimoja cha chai cha uzile na shamari, utwange. Malizia na manjano kijiko 1 cha chakula, sukari 4, mafuta 3, na chumvi vijiko 2 vya chai. Changanya vyote na nyama, ikae saa 6 au ilale kwenye friji.

Loweka vijiti nusu saa. Tunga nyama ikiwa imenyooka, kipande cha mafuta katikati. Ukiikunja, ndani hubaki mbichi huku nje imeungua.

Makaa yawe yamevaa jivu, bila ndimi za moto. Geuza kila baada ya nusu dakika. Nyama ikishabadilika rangi, ponda kitako cha bua la mchaichai, kichovye kwenye mafuta yaliyochanganywa na tui zito, upake. Mafuta yakidondoka moto ukalipuka, sogeza vijiti kwanza. Dakika 6 hadi 8 zinatosha.

Mchuzi wa karanga ndio wengi huuharakisha. Pilipili kavu 10 zilizolowekwa, vitunguu vidogo 6 na mabua 2 ya mchaichai, vyote vikiwa vimesagwa, vikaangwe kwenye nusu kikombe cha mafuta kwa moto mdogo mpaka mafuta yajitenge. Kabla ya hapo pilipili ina ladha ya ubichi ambayo sukari haiifichi. Ndipo utie karanga gramu 300 zilizokaangwa na kutwangwa zikabaki na chengachenga, maji vikombe 2, ukwaju, sukari guru na chumvi. Uchemke polepole dakika 20. Ukipoa huganda, ulegeze kwa maji ya moto, kisha uonje chumvi upya. Pakua na matango, vitunguu vibichi na wali ulioshindiliwa ukakatwa vipande.