Kumi na Tano Toa Sita

Jana jioni binti yangu alinisogezea daftari la hesabu, akataka nimwangalizie kama amepatia 15 − 6. Alikuwa amepatia. Nilimrudishia daftari, nikatoka kusimama uani, kwa sababu hesabu hiyo hiyo niliwahi kuifanya kwa sauti nikiwa kidato cha tatu, mbele ya mjane, ndani ya chumba cha mahakama hapa Dodoma.

Habari yenyewe ni ya Mjomba. Ng'ombe waliingia katika mtama wake, maneno yakaanzia shambani yakaishia kilabuni, fimbo ikashuka mara moja, na jirani yake hakuinuka tena. Alishtakiwa kwa mauaji, kosa lisilo na dhamana, akakaa mahabusu katika gereza la Isanga miaka mitatu. Hatimaye alikiri kosa dogo la kuua bila kukusudia, ambalo adhabu yake ya juu ni kifungo cha maisha, akapewa miaka 15.

Rufaa yake haikugusa hatia. Ilipinga adhabu tu. Wafungwa wenzake walimtisha kwamba huko juu wanaweza pia kuongeza, lakini hakurudi nyuma. Wakili alitueleza kuwa Mahakama ya Rufani haipunguzi adhabu kwa sababu tu kwamba yenyewe ingetoa ndogo zaidi. Huingilia pale adhabu inapokuwa kubwa kupita kiasi, au jaji alipofuata kanuni isiyo sahihi, au alipoacha kuzingatia jambo la msingi. Hapo ndipo alipong'ang'ania. Shufaa ya Mjomba, yaani sababu za kuomba apunguziwe adhabu, ilikuwa imeandikwa yote katika mwenendo wa kesi, kwamba ni mkosaji wa mara ya kwanza, kwamba alikiri, kwamba alikuwa amelewa na ameudhiwa, kwamba ana watoto wanaomtegemea, ila haikuonekana popote kuwa ile miaka mitatu ya mahabusu ilitiwa kwenye mizani.

Hukumu ilisomwa mwishoni mwa Novemba, tukiwa tunasubiri mvua. Naibu Msajili aliisoma kwa Kiingereza, kwani hayo yalikuwa kabla ya mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, na Mjomba, amesimama na sare yake ya rangi ya chungwa, alikuwa akimtazama karani badala ya msomaji. Karani alipotafsiri mstari wa mwisho, kwamba kifungo kinapunguzwa hadi kufikia muda ambao mrufani ameshautumikia, na kwamba aachiwe mara moja isipokuwa kama anashikiliwa kwa sababu nyingine halali, Mama alipiga kigelegele, akakikata katikati. Alikuwa amemwona mjane kwenye benchi la nyuma.

Mjane hakumtazama Mama. Alinivuta shati. "Mwanangu, wewe unasoma. Wamesema mingapi?"

Nikamweleza: alipewa kumi na tano, ametumikia sita, iliyoondolewa ni tisa. Alihesabu kwa vidole, akakosea, akaanza upya. Alipofika tisa, kidole gumba kimoja kilibaki kimekunjwa, naye akakitazama kwa muda mrefu kuliko nilivyoweza kuvumilia.

"Basi palizi itamkuta nyumbani," akasema.

"Ndiyo, mama."

Akajitanda kanga yake, akatoka. Naamini mpaka leo kwamba punguzo lile lilikuwa la haki. Ninachoshindwa ni kujisikia nikilisema mbele yake kwa sauti ile ile ya mwanafunzi aliyepata jibu.

Palizi ilimkuta nyumbani kweli. Msimu ule na iliyofuata alikuwa akitoka alfajiri kabla hatujaamka, na jua lilipochomoza, mistari kadhaa ya mtama upande wa pili wa mpaka ilikuwa imekwisha kupaliliwa. Sijui kama aliombwa. Nilimwuliza mara moja tu, akanijibu kwamba gizani jembe halioni mpaka. Mjane hajawahi kuitikia salamu yake, wala hajawahi kumkataza.